Maporomoko ya Jumamosi

"Mwaga hayo maji," mwenyekiti alisema, akimnyooshea kidole mwanamke aliyeinama na ndoo chini ya maporomoko. "Maji ya mlimani hayachotwi. Mnatumalizia mazingira."

Mwanamke alimtazama kidogo, akamwaga. Mwenyekiti akawageukia wenzake wa klabu ya wapenda mazingira, kifua mbele, akisubiri kupigiwa makofi. Akapigiwa. Huyu ndiye bwana aliyekuja peke yake kwenye gari la viti saba, ili afundishe watu kuitunza dunia.

Kisha akaingia chini ya maji na kofia yake mpya, akaoga nusu saa nzima.

"Mbona yananukia dawa?" dada mmoja wa klabu aliuliza.

"Ni madini ya mwamba." Watu wa aina yake hawana neno "sijui" mdomoni.

Simu yake ikaita. Alikuwa mkewe.

"Baba watoto, maji yamekatika tena tangu saa mbili. Mama yako amejichafua kitandani na sina hata kikombe cha kumwoshea. Analia kwa aibu."

"Jumamosi tena? Ni hao majirani wanaoosha magari! Watu hawana adabu na maji kabisa. Mwambie mama avumilie."

Akakata. Mama mzazi, hata kugeuka hawezi, na mwanawe huyo anatafuta upande unaompendeza pichani. Aibu hana.

Kiongozi wa msafara akatazama saa. "Jamani, saa sita. Tushuke."

"Picha moja ya mwisho."

"Saa sita ni saa sita, mkubwa."

Wenzake wakaanza kushuka. Yeye akaitegesha simu juu ya jiwe impige picha yenyewe, akarudi chini ya maji, akanyoosha mikono juu, akafumba macho na kutabasamu kama mtakatifu. Kiongozi alichoka kumbembeleza. Akatoa filimbi mfukoni, akapuliza mara mbili kuelekea juu.

Maporomoko yakapungua, yakawa uzi, yakakoma. Juu, kwenye mwamba mkavu, ukabaki mdomo wa bomba nene la buluu ukidondosha tone moja moja kwenye kofia yake.

Simu ikaita pale juu ya jiwe. Akaipokea.

"Baba watoto," mkewe alisema kwa furaha, "maji yamerudi sasa hivi."