Cherehani ya Nebraska

Gulshan alifika kwenye picha ile na hakufunua ukurasa mwingine.

Maktaba ya Lewisham ilikuwa na vitabu vitatu tu kuhusu Nebraska. Viwili alikuwa ameshavimaliza: reli, vita, majani mpaka upeo wa macho.

Uganda ilipowafukuza Wahindi, pasipoti yake ya Uingereza ilimleta London. Mumewe hakuwa na pasipoti ya nchi yoyote, akapokelewa na Amerika, akapelekwa Nebraska. Barua yake ya mwisho ilisema: “Usije. Huku ni upepo tu. Si mahali pa mwanamke.”

Kwenye picha kulikuwa na nyumba ya mabonge ya udongo, nyasi zimeota mpaka juu ya paa. Mbele yake alisimama mwanamke, gauni linapeperuka, mkono ameuweka juu ya cherehani. Walikuwa wameitoa nje makusudi, ili nayo ipigwe picha.

Gulshan aligusa gurudumu la cherehani ile kwa kidole. Yake ilibaki Jinja, na shati la mkono mmoja chini ya sindano.

“Tunafunga, dada,” alisema mtumishi wa maktaba, mama wa Kizanzibari. “Nikuazimishe, ukasome nyumbani?”

“Mtazame huyu. Ni mwanamume?”

“Mwanamume na gauni lote hilo?”

“Basi naomba karatasi.”

Hakuandika hata salamu. Aliandika mstari mmoja, wino ukapenya upande wa pili:

“Nitafutie cherehani. Nakuja.”