Kipindi Kinachotazama Watu

"Wimbo wa marehemu mume wangu haufi mimi nikiwa hai!" Bi Riziki alitamba mbele ya runinga. Siku hizo kipindi cha muziki ndicho kilichowatazama watazamaji, na wimbo usiosisimua mwili wa mtu hata mmoja ulifutwa kote.

Gambusi la mumewe likalia. Bi Riziki akajikamua machozi. Wapi! Mwili ulitulia kama gunia la mchele.

"Umefutwa," runinga ikasema.

Akaduwaa. Mbona anaupenda?

Papo hapo ukaanza wimbo wa vijana, ule aliokuwa akiuita kelele za wahuni.

"Bibi!" mjukuu wake Nasma alisimama mlangoni. "Wa babu umefutwa, nawe wacheza mabega?"

"Mabega gani?" akauliza, akiyashika yasitikisike.

Hayakushikika.