Taa Iliyowashwa Mchana

Bi Mashavu alifunga madirisha yote, akawasha taa ya chemni, ilhali jua lilikuwa utosini.

"Hapa kwetu anayesimulia hadithi za wanyama mchana humzika mama yake," alisema. "Lakini gari lako halingoji usiku."

Daktari Rukia, aliyekusanya ngano kwa ajili ya watoto wa shule na wasomi wa chuo, aliweka kinasa sauti mkekani. "Ni imani tu, Shangazi."

Bi Mashavu akalitazama pazia la chumbani. Nyuma ya pazia alilala mama yake, hoi, akikohoa. Ni yeye aliyesema asubuhi: "Msimulie mgeni hadithi ile. Nikienda nayo, imepotea."

"Paukwa!"

"Pakawa!" aliitikia Daktari peke yake.

Njaa iliingia mwituni, Sungura na Fisi wakaapa kuwala mama zao. Mwanga ukapenya ufa wa dirisha. Bi Mashavu akauziba kwa kanga, akaendelea. Kikohozi cha chumbani kilikuwa kimenyamaza.

Ndipo akakosea makusudi. "Basi Fisi," alisema kwa nguvu, "akamficha mama yake pangoni."

Daktari akainua uso. "Si Sungura huyo?"

Bi Mashavu akatega sikio upande wa pazia. Tangu utotoni, mama yake hakuwahi kuliacha kosa la bintiye lipite.

"Fisi!" alipaza sauti. "Fisi ndiye aliyemficha mama yake!"

Pazia likatikisika kidogo. Madirisha yote alikuwa ameyafunga mwenyewe.