Hendeli ya Enoki

Ifahamike kwa mataifa yote kwamba siku ile, katika mji ule, enzi ya farasi ilifikia kikomo. Au ingefikia, lau gari lingewaka.

Kampuni ya kuunda magari ilikuwa ya watu wawili na gari moja. Horasi alikaa kitini na kofia yake ya ngozi, akipungiwa leso na mji mzima. Enoki, aliyeiunda injini kwa mikono yake, kazi yake ilikuwa kuinama mbele ya gari na kuzungusha hendeli, chuma kilichopinda kama kiwiko cha kuwashia injini, makalio yameuelekea umati. Leo hata mkewe Enoki alimpungia Horasi.

"Washa, ndugu yangu!" Horasi aliita. "Tajiri anangoja."

Tajiri huyo alikuja kuagiza magari ishirini, ama kuiacha kampuni ife. Alikuwa ameshatoa saa yake mfukoni.

"Hendeli haionekani," Enoki akasema, uso mkavu kama mkate wa juzi.

Wakaitafuta chini ya kiti, majanini, hata chini ya farasi wa tajiri. Enoki alitafuta kwa bidii kuliko wote, ila alichechemea.

"Baba watoto," mkewe akauliza kwa sauti, "mbona suruali yako imeota kiwiko?"

Umati ukaangua kicheko. Enoki akaichomoa hendeli surualini, akamnyooshea Horasi.

"Niliificha mimi. Wivu umenila, Horasi. Leo tu, inama wewe."

Horasi akashuka, akavua glavu polepole. Kiti kikabaki kitupu, na wawili wale wakasimama mbele ya gari, kila mmoja ameshika ncha yake ya hendeli, wala hakuna aliyeinama.