Kitufe cha Sauti

Sinema ile ya uwanjani haikuwa na spika; kila gari lilidaka sauti ya filamu kwa redio yake.

"Usiongeze sauti, betri imechoka," Kibwana alimwambia mkewe, akaenda kupanga foleni ya mishikaki. Wakitoka hapo alikuwa anamrudisha kijijini kwao, kwa mama yake mzazi, akamwache huko.

Mwajabu akazungusha kitufe cha sauti mpaka kikagoma. Akawasha feni, akawasha na taa ya ndani. Redio ikapiga kelele, ikafifia, ikakata. Kibwana aliporudi, watu kwenye pazia la sinema walikuwa wakifumbua midomo tu. Akajaribu kuwasha gari. Kimya.

"Jamani, betri!"

Wanaume wa magari ya jirani wakaacha filamu, wakaja kusukuma, kama ilivyo desturi pale. Mwajabu akashika kitasa ili ashuke.

"Kaa tu, shemeji," mmoja akamwambia kwa ukarimu, akiurudisha mlango. "Wewe si mzigo."

Injini ikashika. Redio ikalipuka kwa sauti yote, vile Mwajabu alivyoiacha. Kibwana akakitazama kitufe, kisha akamtazama yeye. Hakuipunguza, hata walipopita geti na maneno ya filamu yakaanza kugeuka mikwaruzo.