Upanga Usiovumilia Uongo

Zamani watu waliuimba tu upanga wa Mwana Zuhura, ule uliolia ndani ya ala kila uliposikia uongo, na kina mama wakajifunga kanga zenye picha yake. Siku hizi sheria inataka kila nyumba itundike mfano wake ukutani, nao unalia kweli. Hauulizi msemaji anaamini nini. Unalijua jambo lenyewe.

Mwanakombo alikuwa ameshauzoea. Alimtoroka mumewe, Hamdu, baada ya kuvunjwa mkono, akahamia mji mwingine na binti yake Ruzuna.

Asubuhi moja walipokuwa wakinywa chai, Ruzuna aliuliza, "Mama, baba anajua tulipo?"

"Hajui, mwanangu."

Upanga ukalia.

Mwanakombo akaweka kikombe chini. "Yuko mbali," akasema polepole. Upanga ukalia tena. "Hayuko mtaa huu." Ukalia kwa nguvu zaidi.

Ruzuna aliiacha chai yake. Mama yake akamshika mkono, akanong'ona, "Hayuko uani."

Upanga ukanyamaza.

Wakatoka kwa mlango wa nyuma, miguu mitupu, wakajibanza kwenye ukuta wa jirani. Wakausikia mlango wa mbele ukivunjwa, kisha sauti ya Hamdu, laini kama ya siku ya harusi.

"Mwanakombo, mke wangu, njoo. Sikuja kwa shari."

Ndani ya nyumba, upanga ukalia. Mwanakombo akamnyanyua mtoto, akakimbia.