Siku Kisogo Alipopata Uso

Kofi la sita lilimtoa Nyota machozi.

"Kata!" mwongozaji, binti mdogo, akapaza sauti. "Kuna nzi amepita. Tunarudia."

Kisogo akajifuta kiganja kwenye gauni, uso mkavu, roho ikicheza ngoma. Angejua nzi huyo anakoishi, angempelekea sukari.

Jina hilo alibandikwa na wenzake kazini. Filamu kumi na moja amecheza, na hakuna aliyewahi kumwona uso: mpita njia, mgonjwa aliyelala kifudifudi, mteja aliyeipa kamera mgongo. Mara moja tu alipewa maneno manne ya kusema. Akaalika mume, akaalika majirani waje kumtazama. Nyota, enzi hizo anatamba, akampima kwa macho juu mpaka chini. "Huyu? Atawatisha watoto." Maneno manne yakafutwa palepale. Majirani wakarudi nyumbani wakiwa na la kusimulia mwaka mzima.

Leo Nyota amechuja. Ndiyo maana yumo kwenye sebule ya kuazima, katika filamu ya binti asiye na kampuni wala mfadhili. Nyota hata hamkumbuki Kisogo. Na safari hii kamera imewekwa nyuma ya bega la Nyota, ikimtazama Kisogo usoni.

Kofi la filamu kwa kawaida hukata upepo tu, mlio ukapachikwa baadaye. Binti alikataa katakata. "Hapa hatuna wa kupachika. Mama, mpige kweli. Na wewe mzee, usigeuke nyuma, utaniharibia picha."

La saba. "Kata! Pazia limetikisika."

La nane. "Kata! Kivuli."

Mpiga picha alikuwa anatafuna karanga.

"Dada yangu," Nyota akanong'ona, shavu limemvimba kama la mwenye jino bovu, "si upunguze kidogo?"

"Utanisamehe, kaka. Sanaa hiyo."

La tisa likampeleka mpaka ukutani. Akatoka anapepesuka kwenda kutafuta barafu, na Kisogo akavuta pumzi iliyofika mpaka kwenye nyayo. Tisa! Na yote yamo ndani ya kamera. Majirani watakaa mstari wa mbele, wayahesabu moja moja.

"Mwanangu," akauliza, sauti ikitetemeka kwa raha, "katika yale tisa utatumia lipi?"

Binti akainama, akabonyeza kitu. Kijitaa chekundu cha kurekodi kikawaka mbele ya kamera, kwa mara ya kwanza leo. Kisogo, aliyezoea kuipa kamera mgongo, alikuwa hajawahi kukiona.

"Hakuna, mama. Yale tisa yalikuwa ya mama yangu; mzee huyo alimkimbia mimi nikiwa tumboni. Akirudi na barafu yake, ndipo tuanze ya kwako."